Siku Moja Verona na Kandokando ya Ziwa la Garda

Mji wa Verona uko kaskazini ya Italia, mahali ambapo mto Adige, ukishuka kutoka milimani, hujipinda mara mbili kama nyoka kabla ya kushika njia yake ya kwenda bahari ya Adriatiki. Upande wa magharibi, kwa mwendo usiotimia saa moja wa gari, liko ziwa la Garda, nalo ndilo kubwa kuliko maziwa yote ya nchi ile. Urefu wake wapata kilomita 52, na kina chake mahali penye maji mengi ni mita 346. Wageni wengi hupenda kuuona mji na ziwa kwa siku moja, wakifuata nyuma ya kiongozi mwenye kibendera mkononi, na jioni wakarudi walikotoka. Nasi tulifanya hivyo kiangazi kilichopita, na tumeona ni vizuri kuyaandika tuliyoyaona, kwani siku hizi si nyumba chache za Waislamu wa pwani yetu zenye watoto waliohamia nchi hizo, na huenda mzazi akaalikwa kama tulivyoalikwa sisi.

Mwenyeji wetu alikuwa mpwa wetu, mtoto wa dada yetu, afanyaye kazi katika mji wa Milan. Yeye ndiye aliyekata tikiti, na mkewe, Mwenyezi Mungu amlipe kheri, alitufungia mikate, mayai ya kuchemsha, tende na chupa mbili za maji. Mwenye kusafiri nchi hizo na afanye vivyo hivyo, maana katika mikahawa hata samaki huenda akapikwa kwa mvinyo, na kumsaili mpishi katika lugha usiyoijua ni kazi ya kuchosha.

Tuliondoka Milan saa moja asubuhi katika basi kubwa lenye watu wapatao arobaini. Kutoka huko mpaka Verona ni kilomita kama 160, na kwa hivyo masafa ya marhala mbili yalitimia na kupita, nasi tukawa wasafiri kwa hukumu ya sharia, tuna ruhusa ya kupunguza sala na kuzikusanya. Jambo hili tulilitilia maanani mapema kwa kuwa ratiba ya safari kama hizi haimtazami mwenye kuswali. Imeandikwa ndani yake saa ya kahawa na saa ya kununua zawadi, basi.

Kiongozi wetu alikuwa bibi wa makamo, mwenye sauti ya kusikilizana na adabu njema, akisema Kiitaliano kisha Kiingereza, na mpwa wetu akitufasiria yaliyotupita. Kwanza alitufikisha kwenye uwanja wa michezo wa Warumi, ambao wao huuita Arena. Umejengwa katika karne ya kwanza ya Miladi, na umbo lake ni la yai, umezungukwa na madaraja ya mawe ya kukalia. Ukuta wake wa nje ulikuwa mzima hata mwaka 1117 lilipokuja tetemeko kubwa la ardhi likauangusha, na leo zimebaki tao nne tu za ukuta huo, zimesimama peke yake upande mmoja. Katika zama za Warumi watu walikuwa wakikaa humo kutazama wanadamu wakiuana. Siku hizi huimbwa humo michezo ya nyimbo nyakati za usiku wa kiangazi, na desturi hiyo ilianza mwaka 1913 kwa mchezo uitwao Aida. Mchezo huo wenyewe, kama alivyotueleza bibi yule, haukuonyeshwa mara ya kwanza Italia bali Cairo, mwaka 1871, na aliyeagiza utungwe ni Ismail Pasha, Khedive wa Misri. Mpwa wetu alistaajabu, maana ameishi Milan miaka mingi na jina la Aida amelisikia mara nyingi, na hakupata kujua kuwa mtawala wa Kiislamu ndiye aliyelipia kazi ile.

Lakini sisi jambo lililotushika macho pale halikuwa uwanja, lilikuwa sakafu. Barabara nyingi za Verona zimetandikwa mawe mekundu na ya waridi yachimbwayo katika vilima vya karibu, na ndani ya mawe hayo mna viumbe vya bahari ya kale vilivyogeuka jiwe, vimeviringana kama pembe za kondoo dume. Mtu anavikanyaga akienda kununua mkate. Tuliinama tukavitazama kwa muda, hata baadhi ya wenzetu wakadhani tumeangusha kitu. Sisi tuliozaliwa katika nyumba za mawe ya matumbawe twajua habari hii: ukuta wa nyumba zetu za zamani nao, ukibanduka chokaa, huonyesha wanyama wa baharini waliokufa kabla ya babu wa babu zetu. Subhanallah, mji uko mbali na bahari kiasi kile, na bahari iko chini ya viatu vya watu.

Kutoka hapo tulipelekwa kwenye nyumba waiitayo nyumba ya Juliet. Wasomaji wetu waliopita shule huenda wamesikia kisa cha kijana na msichana wa Verona waliopendana na hali jamaa zao ni maadui, kisha wakafa wote wawili, kisa ambacho Shakespeare alikifanya mchezo. Katika ua wa nyumba ile mlijaa watu wasiopungua mia mbili, kila mmoja ameinua simu yake kukipiga picha kibaraza cha jiwe kilicho juu ya ukuta, ambacho yasemwa Juliet alisimama hapo usiku. Chini pana sanamu ya shaba ya msichana, na watu husimama mstari, waume kwa wake, ili waipapase kifuani wakitafuta bahati ya mapenzi. Wameipapasa hata ile ya asili ikaharibika, na mwaka 2014 ikabidi iondolewe na kuwekwa nyengine mfano wake. Tuliyageuza macho yetu.

Sisi tuliokaa miaka mingi na vitabu vya Hadithi tumezoea, tukisikia habari, kuuliza imepokewa na nani, naye kaipokea kwa nani. Tukamwambia mpwa wetu:

“Muulize bibi, kibaraza hiki kina umri gani?”

Bibi yule alicheka, wala hakuficha. Akasema kwamba nyumba ni ya kale kweli, lakini mji uliinunua mwaka 1905, na kibaraza kiliwekwa katika matengenezo ya miaka ya 1930, kwa mawe ya zamani yaliyotoka mahali pengine. Juliet mwenyewe ni wa hadithi. Akaongeza kwamba hulisema jambo hilo kila siku, na kila siku watu wakishasikia hupiga picha vile vile.

Akatupa nusu saa ya kujitembelea. Wengi walibaki palepale uani. Sisi tulikuwa tumesoma juu ya daraja moja la mji ule liitwalo Ponte Pietra, yaani Daraja la Mawe, ambalo halikuwamo katika ratiba, tukamwambia mpwa wetu twende.

“Mjomba, tutaachwa na basi.”

“Hatutaachwa. Nusu saa ni nyingi kwa mwenye kujua aendako.”

Njiani tulipita chini ya tao moja ambalo juu yake umening’inizwa mfupa wa ubavu wa nyangumi, umekaa hapo karne nyingi. Wenyeji husema kuwa utamwangukia mtu wa kwanza atakayepita chini yake ambaye hajapata kusema uwongo. Tulipita. Mfupa haukutikisika, na mpwa wetu akacheka njia nzima.

Karibu na hapo ni makaburi ya mabwana wa jamaa ya della Scala waliotawala Verona zamani, na aliyetajika zaidi ni Cangrande, aliyekufa mwaka 1329. Kaburi lake lilipofunguliwa mwaka 1921 alikutwa amevikwa hariri za nyuzi za dhahabu, kazi ya wafumaji wa nchi za mashariki. Hariri ambayo wanaume wa Kiislamu tumekatazwa kuivaa tungali hai, bwana yule alizikwa nayo. Mwaka 2004 mwili wake ulichunguzwa tena, wataalamu wakakuta ndani yake athari ya mmea wa sumu. Mtawala huyo ndiye aliyempa hifadhi mshairi Dante alipofukuzwa kwao Florence, na sanamu ya Dante iko kiwanjani hapo. Katika kitabu chake amewataja Ibn Sina, Ibn Rushd na Sultani Salahuddin kwa heshima. Na katika kitabu hicho hicho ameandika juu ya Mtume wetu, rehema na amani zimshukie, maneno ambayo hatutayarudia hapa.

Tukafika mtoni. Ponte Pietra lina matao matano. Yaliyo upande wa pili wa mto ni ya mawe meupe makubwa, kazi ya Warumi ya miaka elfu mbili iliyopita, na yaliyobaki ni ya matofali mekundu, yaliyojengwa na watu wa baadaye kila mafuriko yalipobomoa sehemu. Katika mwezi wa Aprili 1945, vita vikiwa vinamalizika, askari wa Kijerumani waliokuwa wakikimbia walilitia baruti, kama walivyoyatia madaraja yote ya mji ule, na mawe yake yakaanguka chini ya mto. Watu wa Verona walikuwa na njaa na nyumba zimebomoka. Wangeweza kujenga daraja la chuma, nalo lingewavusha vile vile. Walakini waliteremka mtoni, wakayatoa mawe kutoka matopeni, wakayapanga jiwe kwa jiwe, wakayalinganisha na picha na michoro ya zamani ili kila moja lirudi mahali pake. Kazi ilisimamiwa na fundi mkuu wa majengo ya kale, jina lake Piero Gazzola, na ikamalizika mwaka 1959. Pale walipokosa mawe ya asili walitia mapya, na hawakujifanya kuwa ni ya kale.

Tulisimama katikati ya daraja tukitazama maji, ambayo hapo huenda kwa kasi na rangi yake ni ya kijani iliyochafuka kidogo. Hapakuwa na mstari wa watu wala mwenye kupapasa kitu. Alipita mzee mmoja na kikapu cha mboga, na watoto wawili na baiskeli. Mpwa wetu aliweka kiganja juu ya ukuta wa daraja akanyamaza kitambo, kisha akasema:

“Mjomba, nimekuja Verona mara tatu. Mara zote nimepelekwa kwenye kibaraza.”

Basini tulifika dakika nne kabla ya wakati.

Kutoka Verona tulikwenda ufukwe wa mashariki wa ziwa. Ghafula milima ilifunguka tukaliona, buluu kama bahari yetu wakati wa kaskazi, na mbali huko kaskazini milima imelibana pande mbili hata laonekana kama mto. Ufukwe huo huitwa ufukwe wa mizeituni, na jina ni la haki, kwani miti hiyo iliyotajwa katika Kitabu imepandwa vilima vizima, majani yake yakigeuka fedha kila upepo uvumapo. Baridi ya nchi zile ingeiua, lakini maji mengi ya ziwa huweka joto la kiangazi mpaka majira ya baridi, na kwa sababu hiyo mizeituni imestawi kaskazini kiasi kile.

Katika mji mdogo wa Bardolino basi lilisimama ili watu waonje mvinyo. Sisi na mpwa wetu tulibaki ukingoni, tukala mayai na tende.

Mji uliofuata ni Torri del Benaco, wenye ngome iliyojengwa upya mwaka 1383 na bandari ndogo ya mashua. Adhuhuri ilikuwa imekwisha ingia, na tulipewa saa moja. Tukashuka kwenye ngazi za mawe zinazoingia majini, maji safi mtu anaona changarawe, tukatawadha hapo. Kibla kwa mtu aliye kule ni kusini-mashariki. Tulipata mahali chini ya mizeituni, pembeni ya njia, mpwa wetu akasitasita. Akasema kwa sauti ndogo kwamba yeye, tangu alipohamia, sala za kazini huziacha mpaka arudi nyumbani jioni, kwa kuwa hapendi kutazamwa.

“Mjomba, hapa wanapita watalii.”

“Watalii wamelipa fedha ili watazame, mwanangu. Waache watazame.”

Alicheka licha ya kusitasita kwake, akatandika koti lake kando ya mswala wetu, tukaswali rakaa mbili za Adhuhuri na rakaa mbili za Alasiri. Wapitao walipita. Bibi mmoja wa kikundi chetu, mwenye mbwa mdogo, alimshika mbwa wake kwa ufupi na akazunguka mbali ili asipite mbele yetu, na baadaye basini akatuamkia kwa kichwa. Hilo ndilo lililotokea, wala halikutokea jengine.

Zilibaki dakika ishirini, tukaingia ngomeni kuona bustani ya malimau. Yapaswa kuielezea, kwani hatujaona mfano wake. Ni ukuta mrefu wa mawe uelekeao kusini, na mbele yake nguzo ndefu zilizosimama safu, na baina yake miti ya milimau na michungwa. Kiangazi juu pako wazi; majira ya baridi yakija, hufunikwa kwa mbao na vioo, miti ikakaa ndani kama watoto nyumbani. Bustani ya Torri ni ya mwaka 1760 na ingali hai mpaka leo. Ng’ambo ya pili ya ziwa zilikuwako nyingi zaidi, malimau yakisafirishwa mpaka nchi za kaskazini. Katika karne ya 19 iliingia maradhi ya miti, kisha reli ikaleta malimau ya Sisilia yaliyo rahisi zaidi, na bustani nyingi zikafa. Leo zimebaki nguzo tupu milimani, kama makaburi.

Sasa tusikilize jina. Wao husema limone, Waarabu laymun, sisi limau. Kisiwa cha Sisilia kilitawaliwa na Waislamu tangu karne ya 9 mpaka karne ya 11, na Waarabu ndio waliotia huko kilimo cha malimau. Tulipomwambia mpwa wetu hayo akaanza naye kutega sikio. Asubuhi ile basi lilikuwa limepita mji wa Lazise, ambako kiongozi alituonyesha nyumba ya zamani ya ushuru ya Wavenisi, iitwayo dogana. Neno hilo asili yake ni diwani. Na jioni, tulipofika kwenye ngome ya Sirmione, tuliambiwa kuwa ua wake wa maji, wa kuhifadhia majahazi ya vita, huitwa darsena, na hilo ni dar as-sina‘a, nyumba ya kazi za mikono. Bibi yule aliposikia alitoa kalamu akaandika.

Majahazi ya vita katika ziwa lililozungukwa na nchi kavu yataka maelezo. Mwaka 1439 Wavenisi walikuwa wakipigana na mtawala wa Milan, ambaye alishika upande wa kusini wa ziwa. Basi walipandisha vyombo vyao katika mto Adige kwa kinyume cha maji, kisha wakavitoa mtoni wakavivuta kwa mamia ya ng’ombe juu ya milima, wakaviteremsha kwa kamba mpaka Torbole, kwenye ncha ya kaskazini ya ziwa. Mabaharia wetu wa majahazi wajua uzito wa kuvuta chombo pwani tu, sembuse juu ya mlima! Miaka 14 baadaye, mwaka 1453, Sultani Muhammad al-Fatih alipitisha merikebu zake nchi kavu akazitia katika ghuba ya Konstantinopoli, na mji ukafunguliwa.

Sirmione penyewe ni rasi nyembamba iingiayo ziwani kama kidole, na ngome yake imesimama majini pande zote. Mchana wa kiangazi njia zake hujaa watu hata mtu huenda kwa kusukumwa. Tulikuwa na saa moja na robo, tukaenda moja kwa moja mpaka ncha ya rasi, kwenye magofu yaitwayo Mapango ya Catullus. Si mapango, ni jumba la tajiri wa Kirumi lililobomoka, na waliolikuta limefunikwa na majani walidhani ni mapango. Wala si la Catullus, kwani mshairi huyo, ijapokuwa ameitaja Sirmione katika mashairi yake, alikwisha kufa kabla jumba halijajengwa. Mpwa wetu ndiye aliyeuliza safari hii, kabla yetu.

Chini ya ziwa karibu na hapo hutoka chemchemi ya maji ya kiberiti, joto lake digrii 69, ambayo tangu mwisho wa karne ya 19 huvutwa kwa mabomba, na wenye maradhi ya viungo na ya masikio hutibiwa kwayo. Harufu yake ni ya yai bovu.

Saa kumi na mbili basi liliondoka. Wengi walilala. Katika nchi ile wakati wa kiangazi Maghribi huingia kama saa tatu za usiku, na tulipofika Milan jua lilikuwa bado juu ya mapaa. Mpwa wetu alitazama saa yake, akasema tutawahi kuswali nyumbani na watoto kabla hawajalala, na njiani akatuuliza jinsi ya kupata kibla pale kazini kwake, ambapo dirisha lake laelekea mashariki.